Kanda Iliyokatikia Harusini

Banda la video la Songambele ulilisikia kabla hujaliona. Kwanza jenereta, iliyofungwa kwa mnyororo kwenye shina la mgunga nyuma ya banda, ikikohoa kama mzee aliyelala nje. Kisha sauti ya msimuliaji ikitoka kwenye spika moja iliyochanika, mara ikiitangulia picha, mara ikiifuata nyuma, ikitegemea jioni hiyo amekunywa nini. Ukikaribia ndipo harufu zilipokupokea: dizeli, moshi wa Sportsman, mihogo ya kukaanga ya mama aliyekaa mlangoni na karai lake, na ile nyingine ambayo sijaikuta popote tangu siku hizo, ya wanaume waliotoka shimoni wakaja moja kwa moja bila kuoga. Jasho, baruti na kinywe.

Mererani ya tanzanaiti inajulikana na kila mtu. Mererani ya kinywe inajulikana na aliyeishi pale. Ni madini meusi yanayolala pamoja na lile jiwe la bluu, laini kama unga wa penseli, na kazi yake ni kung'aa na kung'ang'ania. Mtu aliyeshinda shimoni alitoka amepakwa kuanzia utosini, anametameta kijivu kama sufuria iliyosuguliwa kwa majivu, meno na macho tu ndiyo yake. Kinywe kilikuwa kwenye mashuka, kwenye mkate, kwenye noti. Niliporudi nyumbani Moshi mwisho wa likizo, mama alinisimamisha uani akanisugua kwa dodoki mpaka nilie, na bado wiki nzima mstari wa kijivu ulibaki nyuma ya masikio yangu. Niliulinda kama medali.

Nilikuwa na miaka 11 mwaka 1997, na likizo zangu nilizimalizia kwa mjomba. Basi la Arusha lilinishusha njia panda ya KIA. Hapo palisubiri Landrova, zile ndefu za zamani zenye mabenchi mawili nyuma, na dereva hakuondoka mpaka watu wamejaa ndani, wamejaa juu ya keria, na wengine watatu wananing'inia mlangoni kwa vidole. Barabara ilikuwa vumbi tupu. Ukigeuka ungeuona mlima nyuma yako, mkubwa na mweupe kichwani, kisha vumbi linaufuta, kisha unarudi tena. Ng'ombe wa Wamasai walisimama pembeni wakitutazama kwa subira kana kwamba sisi ndio mifugo.

Mjomba alipanga chumba kimoja mtaa wa Zaire. Mwaka ule nchi ya Zaire ilibadili jina ikawa Kongo, lakini Zaire yetu ikabaki Zaire, hakuna aliyeona haja. Kuta zilikuwa za mabati, na saa saba mchana chumba kilioka watu kama tanuri. Mle ndani kulikuwa na kitanda cha kamba, jiko la mafuta ya taa, sanduku la mbao lenye nyundo na tindo zake, na tochi yenye mkanda wa mpira wa kuvaa kichwani, ambayo nilikatazwa kuigusa. Niliigusa kila alipotoka.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Umekula? Ripoti ya shule iko wapi?"

Maswali mawili hayo, kwa mpangilio huo, kila likizo. Alikuwa apolo. Ndivyo wachimbaji wa Mererani wanavyoitwa, na mjomba alinieleza kwamba jina lilitoka kwenye vyombo vya Wamarekani vilivyokwenda mwezini: jiwe liligunduliwa mwaka 1967, watu wakatua mwezini 1969, na vijana waliokuwa wakishuka gizani kwa kamba huku wamevaa taa kichwani wakaona hakuna tofauti kubwa ya kazi. Alilisema jambo hilo bila kutabasamu, nami mpaka leo sijui kama alikuwa anatania.

Watoto wa umri wangu walikuwa wakiingia shimoni. Waliitwa nyoka, kwa kuwa walipenya kwenye matundu ambayo bega la mtu mzima halipiti. Nilimjua mmoja, mfupi kuliko mimi, aliyekuwa na fedha zake mwenyewe mfukoni na aliyenunua chapati mbili bila kuuliza bei. Nilimwonea wivu mbaya. Mjomba alipogundua nimeanza kuulizia habari za kushuka, hakunipiga. Alinipa shilingi 50 na kuniambia nikitaka giza niende kwenye video.

*

Lilikuwa banda la mirunda na mabati, kuta zake zimefunikwa kwa nailoni nyeusi ili mwanga usiingie na watu wa nje wasione bure. Mabenchi yalikuwa mbao zilizowekwa juu ya madebe ya udongo. Sisi watoto tulikaa mbele kabisa, chini, juu ya magunia, karibu na runinga kiasi kwamba nywele zetu zilisimama kwa umeme wake. Deki ya kuchezea kanda ilivikwa khanga kwa ajili ya vumbi, na mwenye banda aliifunua kwa adabu kama anayefunua chakula cha mgeni.

Zilioneshwa picha za Bruce Lee, za Rambo, za Kihindi siku ya Ijumaa. Lakini ilikuwepo kanda moja iliyoandikwa kwa kalamu ya wino wa bluu, VITA VYA NYOTA 2, na hiyo ndiyo iliyoombwa. Miaka mingi baadaye, chuoni, ndipo nilipojua kwamba ilikuwa The Empire Strikes Back ya mwaka 1980. Sikumbuki kama namba moja iliwahi kufika Songambele. Hakuna aliyeiulizia. Tulizoea kuingia katika mambo katikati.

Msimuliaji alikaa juu ya kreti la bia pembeni ya runinga na kipaza sauti mkononi, mgongo wake kwetu. Mchana alikuwa apolo kama wengine, katika shimo moja na mjomba. Alikuwa amefika kidato cha pili, na Kiingereza chake kilikuwa na mashimo pia, lakini alikuwa na kipaji cha kuyaruka. Pale alipoelewa alitafsiri. Pale ambapo hakuelewa alitafsiri kwa sauti kubwa zaidi.

Yeye ndiye aliyempa kila mtu jina lake. Han, mwenye bastola na maneno mengi, alikuwa Stelingi, basi. Yule mrefu mwenye manyoya alikuwa Manyoya. Na Darth Vader, mweusi kuanzia kofia hadi buti, alipoingia kwa mara ya kwanza na kuvuta pumzi, banda zima lilisema kwa pamoja kabla msimuliaji hajafungua mdomo: "Kompresa!" Maana sauti ile tuliijua. Juu ya kila shimo lenye uwezo palikuwa na kompresa, na mpira mrefu ulioshuka mita mia na zaidi kuwapelekea watu pumzi. Usiku ukilala Mererani ulizisikia zikivuta na kutoa, vuta na toa, na zikinyamaza ghafla watu waliamka. Nadhani hakuna mahali pengine duniani watu walipomwangalia Vader wakaona kifaa cha kuokoa maisha. Sisi watoto hatukumwogopa inavyotakiwa.

Nusu ya kwanza ya picha, ya theluji na vita, ilipita huku watu wakinunua mihogo. Banda lilinyamaza pale Stelingi, chombo chake kikiwa kibovu, alipoamua kwenda kwa rafiki yake wa zamani mwenye mgodi.

Mgodi huo, kwa asiyeijua hadithi, uko angani. Kuna sayari iitwayo Bespin, yote mawingu, na juu ya mawingu unaelea mji, na chini ya mji wanachimba gesi ya Tibanna. Kwenye runinga ya Songambele, ambayo rangi yake nyekundu ilikuwa imezidi, anga ile ilitoka kama juisi ya ukwaju iliyomwagika. Vyombo viwili vya ulinzi vinakisindikiza chombo cha Stelingi katikati ya mawingu, na msimuliaji anashusha sauti: "Sasa tunaingia mgodini, ndugu zangu. Tazameni wenzetu."

"Shimo liko wapi?" mtu aliuliza gizani.

"Hakuna shimo. Wanachimba hewa."

Kelele. Kila mara ilikuwa kelele, hata kwa walioiona mara kumi. Hewa haichimbwi! Inachimbwa, huko kwao! Na mzee mmoja, fundi wa kuweka magogo ya kuzuia mwamba, ambaye kikohozi chake kilikuwa sehemu ya sauti za banda lile, alisema neno lililorudiwa mtaani mwezi mzima: "Sisi hewa tunainunua kwa dizeli. Wenzetu wanaiuza."

Halafu akatoka Lando. Billy Dee Williams, kijana bado, mweusi wa kupendeza, nywele zimechanwa vizuri, joho la bluu begani linalopepea, anatembea kwenye daraja jembamba na watu wake nyuma. "Tajiri!" banda likapiga kelele, na wengine wakasimama. Kwa Mererani tajiri si mtu mwenye fedha tu. Ni mwenye shimo, yule anayewalisha maapolo unga na maharage miezi au miaka, bila mshahara, mpaka jiwe lionekane ndipo mgao ufanyike. Tulikuwa na matajiri wa kweli waliotembea vile vile, joho tu ndilo lililokosekana. Na alipoanza kumlalamikia Stelingi kuhusu vifaa visivyofika na wafanyakazi wanaomsumbua, kicheko kilichotoka kwenye mabenchi kilikuwa na uchungu mtamu ndani yake. "Wote wamoja hawa," mjomba alinong'ona. "Hata mawinguni."

Sisi wa kwenye magunia tulingoja watu wetu. Wanatokea kidogo tu: vijeba wenye nyuso za nguruwe na aproni, wanaofanya kazi kwenye chumba cha vyuma chakavu, wakirushiana vipande vya roboti la dhahabu huku Manyoya akiwafokea. "Nyoka hao!" tulipiga kelele. Yule mwenye fedha zake alikaa kimya akiwaangalia kwa makini, kama mtu anayekagua kazi ya mwenzake.

*

Nimefika kwenye sentensi ile. Katika picha nzima ya saa mbili haichukui hata nusu dakika. Tajiri anawaongoza wageni kwenye ukumbi mweupe kwenda kula, anaeleza kwamba mgodi wake ni mdogo, hauko chini ya dola kubwa. Binti mfalme, Leia, anamuuliza: kwa hiyo uko chini ya Mining Guild? Naye anajibu kwamba hapana, hasa hasa hapana. Shughuli yake ni ndogo kiasi cha kutoonekana, jambo linalowafaa wote, kwa kuwa hata wateja wake hawapendi kutazamwa.

Basi. Mining Guild haionekani katika picha ile. Haina jengo, haina bendera, hakuna ofisa wake anayepita hata kwa mgongo. Ni jina linalotajwa na binti mmoja akitembea kwenye korido. Lakini lilimpa msimuliaji wetu kazi kubwa kuliko vita vyote.

Usiku wa kwanza, mjomba alinisimulia, msimuliaji alisema "Chama cha Madini". Mtu akakohoa nyuma. Uchaguzi wa vyama vingi ulikuwa umepita mwaka 1995, na neno chama mbele ya halaiki lilikuwa na mwenyewe. Usiku wa pili akasema "Ushirika", wazee wakakumbuka ushirika wa kahawa na mazungumzo yakapotea kabisa. Usiku wa tatu akapata. "Kwani wewe watu wa madini wanakujua?" akamuulizisha Leia kwa sauti nyembamba. Na Tajiri, akilainisha shingo: "Watu wa madini? Aa-aa, dada yangu. Sisi wadogo. Hawatuoni."

Nimewahi kukaa katika majumba ya maonyesho yenye viti vya kukunja na kiyoyozi. Sijawahi kusikia ukumbi ukicheka vile. Watu walipigana migongo, mtu alianguka na benchi lake, yule mzee wa kikohozi alitolewa nje kupumua. Mama wa mihogo aliingiza kichwa kuuliza kuna nini, akaambiwa, naye akacheka akiwa ameshika ncha ya khanga yake mdomoni.

Maana "watu wa madini" walikuwa watu tuliowajua kwa namna hiyo hiyo: kwa kutajwa. Ofisi ilikuwa mbali. Kulikuwa na leseni, vitalu vilivyogawanywa kwa herufi A mpaka D, mipaka yenye nguzo, kodi, vibali vya baruti, vibali vya kuuza. Baadhi ya matajiri walikuwa na karatasi hizo zimefungwa kwenye nailoni chini ya godoro. Wengine walikuwa na shimo tu. Na chini huko, mita mia kadhaa, karatasi haikujua mwamba unaelekea wapi. Jiwe lilifuatwa lilikokwenda, na mpaka ulikuwa juu, juani, ukiota nyasi. Mara moja moja gari la kijani lilionekana likitimua vumbi kutoka upande wa KIA. Kijana angepiga mluzi. Dakika kumi baadaye mahali palipokuwa na watu mia tano wakichekecha, wakipima, wakibishana, palikuwa na mbuzi na mama mmoja anayeuza nyanya. Mabroka waliokuwa wamekaa kwenye vigoda na mawe yao kwenye karatasi walikuwa wamegeuka kuwa wateja wa chai. Nilikunywa chai nyingi sana ya bure namna hiyo, mtoto akiwa mezani meza inaonekana ya kweli zaidi.

Siku moja kama hiyo, mjomba alinishikisha jiwe kwenye kiganja na kuninong'oneza nilifumbe. Lilikuwa dogo kama punje ya hindi. Watu walipoondoka alinionyesha namna ya kulitazama: ukilishika hivi ni bluu, ukiligeuza ni zambarau, ukiligeuza tena linakuwa na wekundu wa divai, kwa mbali. "Ndiyo maana anga ya kule kwa Tajiri ina rangi zile," aliniambia. Sikumbuki tena kama ni yeye aliyesema au ni mimi niliyewaza.

Baada ya sentensi ile Tajiri anasema amepata mapatano yatakayoiweka dola mbali na mgodi wake siku zote, anabonyeza mlango wa ukumbi wa chakula, mlango unafunguka, na mezani amekaa Kompresa.

"Mtobozano!"

Hilo ndilo neno waliloliguta, wanaume wote kwa pamoja, wengine wakiwa wamesimama. Mtobozano ni pale unapochimba upande wako na mwingine anachimba upande wake, mnasikiana kwa siku kadhaa, gong'o gong'o ndani ya mwamba, mpaka ukuta unatoboka na mnaonana uso kwa uso, kila mtu na nyundo yake. Mengi yaliweza kutokea dakika hiyo. Sijaona mfasiri yeyote, wa lugha yoyote, aliyeipatia eneo lile la picha jina bora.

Kisha walimshusha Stelingi. Walioiona picha wanajua: anafungwa mikono, anasimamishwa juu ya jukwaa la mviringo, mvuke unafuka, anashushwa polepole shimoni. Vijeba wenye aproni wanashughulika na mitambo. Mvuke unalipuka. Na mkono wa chuma unashuka, unakamata, unavuta juu, na kinachotoka ni bamba la kijivu linalong'aa, lenye uso wa mtu na mikono iliyoinuliwa.

Hapo hakuna aliyecheka kamwe, hata wale walioiona mara ishirini. Msimuliaji mwenyewe alizima kipaza sauti. Ulisikia jenereta tu. Sisi watoto tuligeuka kuwatazama wakubwa, na nyuso zao, kwa mwanga wa runinga, zilikuwa na rangi ile ile ya bamba.

Mwisho kijana mmoja angesema, kwa sauti ya chini, "Stelingi hafi." Na wengine: "Hafi."

*

Na hapo ndipo kanda ilipokatika. Mistari myeupe, mlio kama wa mafuta ya moto, kisha matarumbeta. Mtu fulani Moshi aliazima kanda ile akarekodia harusi juu yake. Kuanzia pale Stelingi anapogeuzwa bamba hadi mwisho wa mkanda ilikuwa harusi: maharusi wanashuka kwenye Pijo nyeupe, akina mama wa vitenge vya sare, ndafu mzima anaingizwa ukumbini na majani mdomoni.

Banda jingine lingezima. Msimuliaji wetu aliwasha kipaza sauti akaendelea. "Basi baada ya hayo," alisema bila kusita, "Leia akaona haya maisha ya angani hayana faida. Mnamwona pale, amevaa shela." Bwana harusi akawa Tajiri, na mjomba wa bwana harusi, mnene, mwenye suti ya kahawia, akawa mkubwa wa watu wa madini aliyealikwa ili ale anyamaze. "Tazameni anavyokula! Huyo sasa hata leseni haulizi." Ndafu alipoingia, mtu kutoka nyuma aliita, "Manyoya jamani! Wamemnyoa!" na banda likaanguka tena kwa kicheko, safari hii cha watu waliokuwa wakihitaji kucheka.

Kila usiku harusi ilikuwa na habari nyingine. Mara Stelingi yumo ndani ya keki, wanasubiri kuikata. Mara yule mtoto mwenye pete kwenye mto amebeba tanzanaiti ya gramu mia, na mwendo wake wa taratibu ni kwa kuwa anaogopa mabroka. Tulilipa shilingi 50 kwa ajili ya nusu ile. Nje, kwenye saa tatu au nne za usiku, ndege ya KLM ilikuwa ikishuka KIA, taa zake zikipita chini chini juu ya mapaa ya mabati, na tuliokuwa tukitoka bandani tulisimama tukiitazama mpaka ipotee nyuma ya migunga, tukibishana nani yumo.

Mvua za El Niño zilianza mwishoni mwa mwaka ule. Aprili 1998 maji yaliingia mashimoni. Nilikuwa shule, Moshi. Nilimwona mama akisikiliza redio amesimama, mwiko mkononi, chakula kikiungua. Mjomba zamu yake ilikuwa juu siku hiyo, kwenye winchi. Msimuliaji alikuwa chini.

Nilirudi Mererani likizo ya Juni. Banda lilikuwepo, jenereta ilikuwepo, na kanda iliwekwa siku moja kwa kuwa watoto tuliiomba. Watu walizungumza kwa Kiingereza chao, wakatembea kwenye korido, Leia akauliza swali lake na Tajiri akajibu, na hakuna aliyecheka. Ilipofika harusi ilikuwa harusi tu. Watu tusiowajua, wakila. Mwenye banda aliinuka akaizima mwenyewe, akaifunika deki kwa khanga.

*

Binti yangu sasa ana simu, na katuni za hadithi ile ile zimo ndani yake. Katika Star Wars Rebels, iliyoanza kuoneshwa mwaka 2014, Mining Guild hatimaye wanaonekana. Wana vyombo vya kivita vilivyopakwa njano, mabawa yamekatwa upande wa mbele ili rubani aone vizuri pembeni. Wana mitambo, walinzi, na wanafanya kazi bega kwa bega na dola. Nilimwambia binti yangu arudishe nyuma, nikawatazama tena. Vimetengenezwa vizuri, sina neno. Ila nilikuwa nimeishi nao zaidi ya miaka ishirini bila rangi, na hiyo njano ilinipunguzia kitu.

Mwaka 2019 nilimtembelea mjomba. Barabara ni lami. Ukuta wa kilometa 24.5 uliozinduliwa Aprili 2018 unazunguka eneo la machimbo, na lango ni moja. Anayeingia anaandikwa, anayetoka anapekuliwa. Mjomba hashuki tena. Mapafu yake yana kinywe cha kutosha. Tulikaa kwenye mgahawa wa pembeni mwa barabara, chai ya maziwa na chapati, mahali ambapo kwa hesabu zetu palikuwa karibu na mgunga wa jenereta, ingawa mti haupo na yeye aliapa ni nyumba tatu mbele zaidi. Tulibishana kuhusu hilo kwa muda mrefu na kwa raha.

Kisha aliniuliza, akiwa anakoroga sukari chini ya kikombe, kama nimewahi kuiona picha ile mpaka mwisho.

Nilimwambia nimeiona. Nikamsimulia: Tajiri anawageuka wale askari, anaungana na kina Leia, wanakimbilia chombo. Mwishoni kabisa anaondoka na Manyoya kwenda kumtafuta Stelingi, amevaa nguo kama zake.

"Na mgodi alimwachia nani?"

Sikuwa nimewahi kuliwaza hilo. Nikamwambia mgodi umechukuliwa, lakini kabla ya kukimbia alisimama ukutani, kwenye kipaza sauti cha mji mzima, akawatangazia watu wote watoke.

Mjomba aliacha kukoroga. "Alitangaza?"

"Alitangaza."

"Wote wakasikia?"

Nikamwambia wanaonekana wakikimbia kwenye korido, wengi, kila mtu na alichookoa, na mmoja amekumbatia chombo kama mashine ya kutengenezea askrimu. Alitaka kujua kuhusu huyo wa askrimu, kama alifika. Nje Landrova ilisimama, watu wakashuka, wengine wakapanda juu ya keria, na dereva akapiga honi akisubiri mmoja zaidi.